Ngozi ya Apolinaria

Lusu
3/3/2024

Kwa shemeji Ngollo,

Hapa hatujambo. Mvua ipo, mahindi yamefika kifuani, nyani bado hawajayajua.

Nakuandikia kwa sababu simu kwangu siku hizi ni mdudu anayetetemeka mfukoni. Sikio la kulia lilikufa na ile malaria, la kushoto linasikia kengele ya kanisa na jogoo, basi. Mwanangu Deus anasema nitume ujumbe. Vile vidude vya herufi siviwezi. Kalamu nina, mkono ninao, na wewe darasa la nne ulifika, kusoma unajua. Jibu lako mpe Silasi, yule kondakta wa basi la Nzega. Ataliacha dukani kwa Theodora, nitalifuata.

Habari yenyewe ni hii. Mwanao Kabula amefika juzi na mumewe Benjamini. Mume amerudi Igunga, mke amebaki. Tumbo linamtangulia mlangoni. Nesi kasema mwisho wa Mei. Mtoto wa kwanza huzaliwa kwa mama, na mama yake tumeshamzika, kwa hiyo mama ni mimi.

Sasa ngozi. Unajua kwetu mtoto wa kwanza habebwi kwa kitenge. Anabebwa kwa ngozi ya kondoo aliyobebewa mama yake. Ile ilinibeba mimi, ikambeba mdogo wangu Apolinaria, ikaja ikambeba Deus, ikambeba Kabula. Iko kwako. Niliiona siku tulipokuja Tabora kumchukua marehemu, imening'inia kwenye msumari nyuma ya mlango. Itume na Silasi. Lakini bora uilete mwenyewe. Tangu arobaini ya mkeo hujakanyaga Lusu, mwaka wa pili huu. Watu wananiuliza kama na wewe tulikuzika.

Dada wa mkeo,
Gaudensia


Kanyenye, Tabora
10/3/2024

Shemeji, shikamoo.

Barua nimepata. Silasi kaikunja mara nne, kaikalia. Nimesoma.

Kabula mwambie ale. Mama yake akiwa na mimba alikuwa hali. Dagaa hakutaka hata kuwaona. Mwambie ale hata kama hataki.

Ngozi ipo.

Kuja siwezi. Kazi nyingi hapa ghalani. Ngozi zinaingia toka Sikonge, Urambo, huko kwenu Nzega. Kondoo mwaka huu wanachinjwa sana. Juzi kaja bwana mmoja wa takwimu, ana kompyuta ya kushika mkononi. Ananiuliza ngozi za kondoo na za wanakondoo zinapanda au zinashuka. Nikamwambia amuulize bosi. Bosi Rashidi hakuwepo. Akabofyabofya mwenyewe. Akasema mzee, nchi nzima zinapanda.

Basi ndiyo hivyo. Zinapanda. Wenzangu wote wameacha kazi, nimebaki mimi. Naosha, nakwangua mafuta, natia chumvi, napanga. Mwaka wa thelathini na moja. Nikiondoka siku mbili zinaoza.

Ngozi nitatuma. Usinisukume.

Ngollo


Lusu
24/3/2024

Shemeji,

Marahaba. Wiki mbili zimekwisha.

Silasi amepita hapa mara tatu. Mara ya kwanza hana kitu. Mara ya pili hana kitu. Mara ya tatu nikamwambia geuza mifuko. Akageuza, likatoka ganda la muwa na picha ya mwanamke ambaye si mkewe.

Nikamuuliza, Ngollo ana kazi nyingi huko? Akacheka mpaka nikaona jino lake la mwisho. Anasema kila akipita Kanyenye anakukuta umekaa kwenye kizingiti cha ghala unashona kandambili, na ndani wamelala mbwa. Mimi sisikii lakini midomo naisoma, shemeji. Alisema mbwa. Nikamwambia arudie. Akarudia, akaonyesha na vidole: wanne.

Sasa kati yako na Silasi kuna mwongo. Silasi namjua ni mwongo. Lakini Silasi anadanganya wanawake, kuhusu mbwa hana sababu ya kudanganya.

Kabula anauliza ngozi kila siku. Jana nimemkuta uani amefunga boga mgongoni kwa kanga, anajifunza kubeba. Mbele mtoto, nyuma boga, anazunguka mti wa mpapai anaimba. Nikamwambia wewe mwana, boga linaanguka hilo. Akasema mama mkubwa, na ngozi ya mama ikija haliwezi kuanguka. Nikaenda jikoni nikajifanya moshi umeniingia.

Ulikuwa mtu wa neno moja wewe. Ndiyo sababu Apolinaria alikukubali, kwa sura asingekukubali. Neno moja basi: unayo au huna?

Gaudensia


Kanyenye
7/4/2024

Shemeji, shikamoo.

Ninayo. Hiyo hapo. Nimeifunga kwenye kiroba, nimeshona mdomo.

Imebadilika kidogo. Ni moshi. Jikoni kwangu moshi mwingi.

Silasi mwambie ashike tiketi zake, ghala langu aliache.

Boga Kabula alipike.

Ngollo


Lusu
14/4/2024

Shemeji yangu Ngollo,

Mayo, mama wee! Kaa chini kwanza, usisome umesimama.

Kiroba kimefika Jumatano. Kabula alikuwa kliniki, nikakifungua peke yangu. Ngozi nzuri. Nzuri kweli, hakuna pa kuilaumu. Nikasema niianike kidogo kwenye kamba ipate upepo kabla mwenyewe hajarudi. Nikaingia ndani kuchambua mchicha.

Nikatoka, nakuta ndama watatu wameizunguka wanailamba. Mmoja anavuta huku, mwingine anavuta huku, wa tatu yuko chini amefumba macho kama anapokea komunyo. Nikawafukuza kwa fimbo. Wakarudi na mama yao. Mbuzi wa jirani, yule wa Katarina, amekata kamba yake, amekuja. Shemeji, mpaka sasa nakuandikia nimeikalia ngozi, ng'ombe wananitazama dirishani.

Nimeilamba na mimi. Chumvi. Chumvi tupu, ile ya Uvinza, ya mawe, mnayotia ghalani.

Ile ya mdogo wangu ilikuwa haijui chumvi. Ilipakwa samli. Ilisuguliwa kwa viganja miezi, mpaka ukiikunja inakunjika kama kanga. Hii ukiikunja inalia. Na mvua ya juzi ilipotishia tu, kabla haijanyesha, hii ngozi imeanza kutoa jasho yenyewe. Mtoto mchanga umbebe kwenye kitu kinachotoa jasho la chumvi? Mapaja si yatachunika?

Na jambo jingine, nakuuliza kwa heshima. Ile ya Apolinaria ilikuwa na tundu. La kidole, karibu na mguu wa nyuma wa kushoto. Limeshonwa na mshipa wa ng'ombe. Nimeitafuta hii yote, nimeishika juani. Tundu sioni. Limekwenda wapi? Au kwenu Tabora ngozi ikishakufa inapona?

Kabula hajajua kitu. Ameipokea kwa mikono miwili, amepiga magoti.

Ngoja nifukuze ng'ombe.

Gaudensia


Kanyenye
18/4/2024

Shemeji.

Shikamoo.

Ngozi ni ngozi. Anayejua ngozi ni mimi. Wewe jua mahindi.

Chumvi ni kawaida. Mimi mwenyewe chumvi. Nguo chumvi, kitanda chumvi, mikono imepasuka kwa chumvi. Kitu kikikaa na mimi kinaingia chumvi. Hilo si kosa.

Tundu sijui. Apolinaria alishona vitu vingi. Siwezi kukumbuka kila tundu.

Ndama wafunge. Mfugaji gani wewe.

Kama hutaki rudisha.

Ngollo


Lusu
28/4/2024

Kwa baba mpendwa,

Shikamoo baba.

Nimekupigia simu mara tisa hupokei. Nikaona niandike kama mama mkubwa, labda barua huwa unafungua.

Mimi sijambo, mtoto anacheza sana, hasa nikikaa. Miguu imevimba kidogo ila nesi kasema ni kawaida. Benjamini anapiga kila siku, kapata kibarua cha kujenga shule huko Igunga. Nakula baba, usijali. Hata dagaa.

Asante kwa ngozi ya mama. Mama mkubwa haitaki itoke nje, anasema ng'ombe wataipata, sijui ana nini. Ameificha juu ya dari. Lakini alipokwenda kusali jumuiya nilipanda kwenye stuli nikaishusha. Usimwambie, kwa hali hii angenipiga.

Baba, nikuambie kitu nisichomwambia mtu. Niliifunika usoni. Unakumbuka mama alivyokuwa ananukia, samli na karanga za kukaanga? Nikavuta pumzi, nikangoja. Nikasikia ghala lako. Nikakusikia wewe, kama zamani ukirudi kazini unaninyanyua. Mama sikumsikia. Nikageuza upande wa pili, nikavuta tena, nikaingiza uso mpaka kwenye kona. Hayupo.

Nimeogopa baba. Miaka miwili tu na nimeshasahau harufu ya mama yangu. Huyu mtoto nitamwambia nini? Nalia nalia tu hovyo, mama mkubwa anadhani ni mimba.

Wewe bado unaikumbuka? Ukija uniambie ilikuwaje.

Mwanao,
Kabula


Kanyenye
2/5/2024

Shemeji Gaudensia.

Shikamoo.

Kabula kaniandikia, ngozi haina harufu ya mama yake, anadhani ameisahau. Hajasahau kitu. Mwambie hajasahau. Hapana, usimwambie. Soma kwanza.

Ngozi niliyotuma si ya Apolinaria. Ulijua. Mimi nilijua unajua. Niliichukua hapa kwenye kona ya ghala, zilibaki saba, hii ndiyo nzuri. Daraja la kwanza. Nikaifukiza moshi siku tatu iwe nyeusi. Nikadhani chumvi itatoka na moshi. Mimi ngozi najua ya kuuza. Ya kubeba mtoto sijawahi kutengeneza. Alitengeneza yeye. Mimi nilikuwa naiona tu iko mgongoni kwake.

Ya kwake haipo.

Nilirudi toka kwenu, siku ile ya arobaini. Nikafungua mlango, nikaingia, nikafunga. Ikawa pale nyuma ya mlango. Ukifungua mlango huioni. Ukifunga unaiona. Kila nikifunga iko pale. Nikalala mlango wazi siku tatu, jirani akauliza kama nimerukwa na akili. Siku ya nane nikaishusha nikaikunja, nikaenda nayo kazini. Tulikuwa tunafunga marobota ya kwenda Dar. Nikaichomeka katikati ya robota la kondoo daraja la nne. Nikakaza kamba. Hakuna aliyeona. Lori likaondoka saa nne asubuhi. Saa sita nikataka lirudi.

Nilikwenda kwa Rashidi. Nikamwambia kuna ngozi yangu moja imeingia kwa makosa. Akapiga simu Dar mbele yangu. Wakacheka huko, nikasikia. Robota mia mbili, utaitafuta ipi. Wiki ya pili yake akapiga tena, wakasema meli imeondoka. Labda sasa ni glovu ya mtu. Nafikiria hiyo glovu. Nikiosha mikono naifikiria.

Na kazi. Silasi hakudanganya. Mbwa ni watano, mmoja kazaa.

Lile lilikuwa lori la mwisho la maana. Nilipoanza mimi lilikuwa lori kila wiki. Likawa kila mwezi. Likawa la kuchanga na watu wa Shinyanga. Wachinjaji wakaacha kuleta, nauli inaishinda ngozi. Wanazika, wanatupia mbwa, ndiyo maana mbwa wako hapa wamenenepa. Kondoo wanachinjwa wengi, hilo ni kweli, hata wanakondoo, siku hizi watu wanapenda nyama laini. Yule bwana wa takwimu alitoka kuhesabu machinjioni. Kila kondoo akaandika ngozi moja. Ndiyo maana zinapanda. Nikamwambia njoo uone ghala. Akasema mzee, ghala halipo kwenye fomu.

Rashidi kafunga tangu Krismasi. Ufunguo kaniachia mimi. Asubuhi nafungua, jioni nafunga. Sina kazi yoyote pale. Sijui niende wapi pengine.

Siji Lusu kwa sababu ungeniuliza ngozi iko wapi. Sasa umeuliza.

Kabula asijue. Akijua nimeuza mama yake sitamtazama tena. Niambie nifanye nini. Niambie haraka, mwezi ndio huu.

Ngollo


Lusu
9/5/2024

Baba Kabula,

Marahaba. Barua yako nimeisoma shambani, nikaisoma nyumbani, nikaenda kuisomea kanisani mahali hakuna mtu.

Nilitaka nikutukane. Matusi nilikuwa nimeshayapanga. Halafu nikakaa nikakumbuka mambo yangu mwenyewe, na sasa itabidi nikuambie, kwa sababu wewe umetoboa na mimi siwezi kukaa nimeziba. Haya nayajua mimi peke yangu niliye hai.

Hiyo uliyoingiza kwenye robota haikuwa ngozi ya mama yetu.

Ya mama nilipewa mimi kwanza, si mimi ndiye mkubwa. Nikambebea Deus. Deus alipoanza kutembea nikaikunja nikaiweka chini ya kitanda, sakafu ya udongo. Mama aliniambia itundike, nikasema ndiyo mama, nikaenda zangu kulima. Apolinaria alipopata mimba ya Kabula akaja kuichukua. Tukaivuta. Ikatoka nusu. Mchwa walikuwa wamemaliza, imebaki kama chapati iliyoungua.

Nilipiga magoti, shemeji. Mimi mkubwa, nikampigia magoti mdogo wangu. Nikamwambia usimwambie mama. Mama alikuwa mgonjwa wa moyo, tukasema hiyo habari itamuua.

Apolinaria akaninyanyua. Halafu akasema, Ngollo ana ngozi moja kaleta toka kazini, ya kukalia. Ni ya kutupa, ina tundu la kisu.

Ulikuwa huna hata mwaka kazini. Ulikuwa unaleta vile vipande vilivyokataliwa, mnakalia jikoni. Hukumbuki kwa sababu kwako kilikuwa kipande tu, hata chumvi hakikuonja maana hakuna anayepoteza chumvi kwa ngozi ya kutupa. Yeye akakileta hapa. Tukakiloweka, tukakikwangua, tukakipaka samli. Wiki sita. Yeye na tumbo lake, mimi na aibu yangu. Tukawa tunakisugua mchana tukicheka mpaka Katarina akadhani tumelewa gongo. Tundu akalishona yeye.

Mama alipokuja tukamwonyesha. Tukasema mama, hii hapa, bado nzima. Akaishika. Akaipitisha mkononi pole pole mpaka akafika mguu wa nyuma. Akaweka kidole kwenye mshono. Akanitazama mimi, si Apolinaria. Akasema, imezeeka kama mimi. Akamfunga mtoto mgongoni kwa Apolinaria kwa mikono yake, akaondoka. Habari hiyo hakuitaja tena mpaka anakufa.

Sasa unaona. Umelia miaka miwili kwa ajili ya ngozi uliyoileta wewe mwenyewe, ambayo mwenye ghala aliikataa.

Kwa hiyo sikiliza. Hii ya chumvi nimewapa ndama, nimeitundika zizini, wanailamba zamu kwa zamu. Wanakushukuru. Tafuta ngozi nyingine. Kondoo wangu wamebaki wawili na wote wana mimba, siwezi kuchinja. Tafuta hapo machinjioni, mbichi ya siku hiyo hiyo. Usiitie chumvi. Hata punje. Ukiitia chumvi usije. Ikitoka kwa kondoo asubuhi iwe mikononi mwangu jioni, vinginevyo itaharibika. Samli nimeshaanza kukusanya.

Muda upo. Mtoto hafungwi mgongoni mpaka shingo ikaze. Tutaisugua wote wawili, na safari hii utasugua wewe zaidi, una mikono ya bure siku hizi.

Kabula sijamwambia kitu. Sitamwambia. Amepotelewa na harufu ya mama yake kwa uongo wako, utamrudishia wewe. Mimi nilinyamaza kwa mama, na ule ukimya ninao mpaka leo. Usiubebe.

Gaudensia


Stendi, Tabora
Alhamisi 16/5/2024

Kabula mwanangu.

Naandikia gotini. Mwandiko mbaya.

Barua hii nitakupa mimi mwenyewe mkononi. Usiisome nikiwa nakutazama. Nenda nayo nyuma ya nyumba, kwenye ule mpapai.

Ile ngozi uliyofunika usoni si ya mama yako. Niliitoa ghalani nikaifukiza moshi. Nilikudanganya. Hukusahau harufu. Haikuwepo. Pua yako nzima.

Ya mama yako niliiingiza kwenye robota ikaenda na lori, baada ya arobaini. Hakuna aliyenituma. Nilifanya mwenyewe. Nilikuwa siwezi kufunga mlango nayo iko pale. Sina neno jingine la kujitetea. Niliitafuta sikuipata.

Mama yako mkubwa ana habari nyingine ya hiyo ngozi. Muulize yeye. Ni yake, siwezi kuiandika.

Umeuliza kama naikumbuka harufu. Naikumbuka. Samli, karanga, na kitu kingine ulichosahau kusema, sabuni ile ya kipande ya bluu. Alikuwa anaosha mikono kabla hajakushika kwa sababu ya chumvi yangu. Mimi nikija kazini ananiambia usimguse mtoto, kaoshe. Siku uliyosema nakunyanyua, nilikuwa sijaosha. Alinigombeza. Nilicheka.

Leo saa kumi na mbili asubuhi nimekwenda machinjioni. Wiki nzima nimekwenda, kwa bahati mbaya wiki hii walikuwa hawajachinja kondoo, mbuzi tu. Leo wamechinja kondoo mmoja, dume jeupe, wa sherehe ya kule Kipalapala. Mchinjaji Hilari ndiye aliyekuwa anachuna. Nilimwambia chuna kwa ngumi, usitumie kisu, ngozi ya kondoo ni laini. Akasema mzee we ghala lako limekufa, ngumi ya nini. Akachuna kwa ngumi kidogo, akachoka, akachukua kisu. Akatoboa. Karibu na mguu wa nyuma. Akaniambia, unaona, umenipigia kelele mpaka nimekosea, acha niwatupie mbwa, ina tundu. Nikamwambia lete. Akasema ina tundu wewe mzee. Nikamwambia nimesikia, lete hivyo hivyo.

Nimeiosha kwa maji matupu. Nimepita ghalani kuchukua kiroba. Gunia la chumvi liko pale mlangoni. Mkono wangu umeingia humo wenyewe, Kabula. Miaka thelathini na moja. Ulikuwa umeshajaa chumvi ndipo nikaona. Nimeurudisha. Nimeosha mikono na sabuni mara mbili. Ufunguo nimempelekea Rashidi. Mbwa nimewaachia mlango wazi.

Sasa niko kwenye basi. Silasi amekataa nisikae mbele, anasema nanuka. Nimemwambia na wewe. Abiria wa pembeni amehama. Nzi wamepanda na mimi, hawakulipa nauli. Kiroba kiko miguuni pangu chini ya kiti. Jua limeshatoka na bila chumvi hii haifiki kesho. Silasi anangoja abiria wawili. Nimemwambia aondoke. Anasema subiri mzee. Siwezi kusubiri.

Ukimaliza kusoma, ukiniita nitakuja hapo nyuma ya nyumba. Usiponiita sitauliza. Nitakuwa uani na mama yako mkubwa napaka samli. Wiki sita nipo.

Yule bwana wa takwimu wa machinjioni hii ameshaiandika. Kondoo mmoja, ngozi moja. Safari hii amepatia.

Basi linaondoka.

Baba yako,
Ngollo Masele